Mnada uliopotea: maneno machache yaliyokula viwanja vya umma

Wasomaji wangu, leo tuongee viwanja. Ukiripoti habari za korti hapa Nairobi, kesi za ardhi haziishi. Huyu kashika hati miliki, yule ana nyumba na watoto juu ya ardhi hiyo hiyo. Kila mara najiuliza: hivi ardhi ya umma ilitokaje mikononi mwa umma?

Jibu tulitafute mwaka 1915. Wakoloni walipitisha sheria ya ardhi ambayo baada ya uhuru tuliirithi na kuiita Sheria ya Ardhi ya Serikali. Kuhusu viwanja vya mjini ilisema wazi: viuzwe kwa mnada, na siku ya mnada itangazwe katika Gazeti Rasmi. Yaani kila mtu asikie, mwenye pesa ajitokeze, nyundo igongwe hadharani.

Lakini palikuwa na kamlango kadogo. Mnada ufanyike, isipokuwa Gavana akiamuru vingine kwa kiwanja fulani. Uhuru ukaja, Gavana akaenda zake, Rais akachukua nafasi yake. Kamlango kakabaki, na baadaye kakawa geti la malori. Badala ya mnada zikatoka barua za ugawaji, na aliyepewa barua aliuza haraka akaondoka na faida. Hata mashirika ya umma yaliuziwa ardhi iliyokuwa ya umma! Januari 1999 Wangari Maathai alipigwa akijaribu kupanda miti katika msitu wa Karura, ambao sehemu yake ilikuwa imegawiwa watu binafsi. Tume ya Ndung'u, iliyotoa ripoti yake 2004, ilikadiria kwamba hati haramu zipatazo 200,000 zilitolewa kati ya 1962 na 2002.

Sasa linganisheni. Ukikalia shamba la mtu binafsi kwa miaka 12 bila ruhusa yake, na waziwazi, sheria inakuruhusu kwenda kortini kulidai. Ukikalia ardhi ya umma hata miaka 50, hupati kitu. Mwenye barua ambaye hajawahi kukanyaga pale alipata hati, na mwenye kibanda akaletewa tingatinga. Haki gani hiyo?

Mahakama ya Juu imejibu pande zote mbili. Tuanze na mwenye hati. Kule Nyali, Mombasa, kiwanja kando ya bahari kiligawiwa Rais Moi mwaka 1989, kikauzwa, kikauzwa tena. Mwaka 2017 serikali ya kaunti ilibomoa ukuta ili kufungua njia ya kwenda ufukweni. Kampuni iliyokuwa na hati ikashtaki. Aprili 2023 majaji wakasema hati peke yake haitoshi. Kama ugawaji wa kwanza haukufuata sheria, mnunuzi wa mwisho hawezi kujificha nyuma ya karatasi.

Na mwenye kibanda je? Kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, kilibomolewa Novemba 2011. Januari 2021 mahakama hiyo hiyo ikasema wasio na ardhi waliojenga makazi kwenye ardhi ya umma hawapati umiliki, lakini wana haki ya makazi inayopaswa kulindwa. Wahenga walisema mgala muue na haki umpe.

Sheria ile ya zamani ilifutwa mwaka 2012. Sheria mpya ya Ardhi inautaja mnada wa hadhara miongoni mwa njia za kugawa ardhi ya umma. Ni vizuri, ila mnada hausaidii kama hakuna anayeangalia. Shule nyingi za umma bado hazina hati za viwanja vyao. Kwa hiyo nakuachia kazi, ndugu msomaji: shule uliyosoma wewe, hati yake iko wapi? Nenda kaulize, kabla mtu mwingine hajaulizia.