Tarehe ya Mwisho na Lugha ya Matangazo ya Ajira ya Polisi: Funzo kutoka India

Mwombaji wa kazi ya polisi anaweza kuwa na umri, elimu na afya inayotakiwa, kisha akakosa nafasi kwa tofauti ya siku moja. Makala hii inadai kwamba historia ya kesi za ukomo wa sifa nchini India ni pia historia ya swali la lugha: tangazo linaposema mwombaji "awe amehitimu", awe amehitimu kufikia lini?

Mwaka 1980, katika kesi ya Charles K. Skaria iliyohusu masomo ya juu ya udaktari, Mahakama ya Juu ya India ilitenganisha sifa na uthibitisho wake. Stashahada ilipaswa kupatikana kabla ya tarehe ya mwisho, ila cheti chake kingeweza kuwasilishwa baadaye, kabla ya uteuzi.

Kesi ya Ashok Kumar Sharma ilikuwa ngumu zaidi. Mwaka 1982, waombaji wa kazi ya uhandisi katika Jammu na Kashmir walipata matokeo yao baada ya maombi kufungwa, lakini kabla ya usaili. Awali mahakama iliwakubali kwa wingi wa kura. Mwaka 1997, ilipopitia upya uamuzi huo, ilikiri kuwa ulikuwa na kosa, ingawa haikuwaondoa kazini. Hoja yake ilikuwa kwamba tangazo ni ahadi kwa umma. Wapo wengine waliokuwa wakisubiri matokeo ambao, kwa kulitii, hawakuomba kabisa.

Kanuni hiyo inagusa ajira zote za umma, polisi wakiwamo. Hata hivyo, usawa wake hutegemea matangazo kutolewa mara kwa mara. Desemba 2023, jimbo la Uttar Pradesh lilitangaza nafasi 60,244 za askari polisi, ilhali ajira kubwa iliyotangulia ilikuwa ya 2018. Umri wa wanaume wasio na nafuu maalumu ulikuwa miaka 18 hadi 22, ukihesabiwa kufikia tarehe 1 Julai 2023. Waliovuka umri huo katika kipindi cha kusubiri hawakuchelewa wao. Serikali ndiyo iliyochelewa. Baada ya malalamiko, ukomo uliongezwa miaka mitatu kwa makundi yote.

Funzo hili linayahusu pia matangazo ya Kiswahili. Kauli "awe na umri usiozidi miaka 25" haijakamilika hadi itaje siku ya kuhesabia. Vivyo hivyo, "awe na cheti" haibainishi kama kinachotakiwa ni kufaulu au karatasi yenyewe. Waandaaji wa matangazo wanapaswa kutaja siku hiyo, kutofautisha sifa na uthibitisho, na kueleza nafuu itakayotolewa ajira ikicheleweshwa. Utata ukiachwa katika tangazo, anayeulipia kwanza ni kijana aliyelisoma kwa uaminifu.