INCA ya Bissau: Mikanda Iliyorudi kwa Wenyewe

Taasisi ya Taifa ya Sinema ya Guinea-Bissau, INCA, ina mizizi iliyotangulia uhuru wa nchi yake. Mwaka 1967, vita dhidi ya utawala wa Wareno vikiwa vimepamba moto, Amílcar Cabral, kiongozi wa chama cha PAIGC, aliwapeleka Cuba vijana wanne wakasomee sinema: Sana Na N'Hada, Flora Gomes, José Bolama na Josefina Crato. Alitaka mapambano yapigwe picha na wenye nchi, yasiachiwe wageni peke yao.

Cabral aliuawa Conakry tarehe 20 Januari 1973. Uhuru ulipotangazwa Boé tarehe 24 Septemba mwaka huohuo, hakuwepo kuushuhudia, lakini vijana wake walikuwepo na kamera zao.

Taasisi yenyewe iliundwa mwaka 1978. Mtengenezaji filamu Mfaransa Chris Marker alifika Bissau kufundisha, kisha akazitumia picha za kanivali alizopiga Sana Na N'Hada katika filamu yake Sans soleil ya mwaka 1983. Mwaka 1988 Flora Gomes akatoa Mortu Nega, hadithi ya mwanamke aliyepitia vita na amani iliyofuata.

Ghala la mikanda, hata hivyo, lilikuwa linaugua. Mkanda wa asetati hauvumilii joto wala unyevu: plastiki yake humong'onyoka taratibu ikitoa harufu kali ya siki, ukanda hujikunja, picha hufifia, na mvuke wake huharibu mikanda ya jirani. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1998 na 1999 viliongeza hasara. Kilichosalia kilikuwa vipande vipande: picha zisizo na sauti, sauti zisizo na picha, na kazi ambazo hazikuwahi kuhaririwa.

Mwaka 2012, kwa juhudi za Sana Na N'Hada, Gomes na msanii Mreno Filipa César, mikanda ilipelekwa kwenye taasisi ya Arsenal mjini Berlin, ikahamishiwa kwenye dijitali. Hawakuishia hapo. Picha zilirudishwa nyumbani kwa sinema ya kutembeza, zikaoneshwa hata katika maeneo zilikopigwa. Palipokosekana sauti, watengenezaji wenyewe walishika kipaza sauti wakaeleza, na watazamaji nao wakachangia. Safari hiyo ilizaa Spell Reel, filamu ya César iliyooneshwa katika Tamasha la Filamu la Berlin mwaka 2017.

Hilo ndilo somo kubwa la INCA. Nakala ya dijitali huiokoa picha isioze. Maana yake huokolewa na watu wanaoitambua. Picha bubu ya mpiganaji asiyejulikana jina ni nusu ya kumbukumbu. Heshima inayowafaa waasisi wa taasisi hii ni kuyaandika majina ya watu na vijiji vilivyomo katika mikanda hiyo, wakati wanaovifahamu wangali hai.