Flashi Ilipotafutiwa Mkalimani
Leo ukichomeka flashi inajitokeza yenyewe kwenye skrini. Kwenye Linux ya 2002 hivi, ulifungua terminali, ukabahatisha jina la kifaa, sda1 ama lingine, kisha ukaandika amri ya mount kwa mamlaka ya msimamizi. Ukisahau kuiondoa kwa amri nyingine kabla ya kuchomoa, faili zako kwisha. Mtu wa kawaida angeelewa aje?

Mwaka 2003 Havoc Pennington wa Red Hat aliandika kwamba vifaa vinafaa kufanya kazi tu, bila mtumiaji kusumbuka. David Zeuthen akaunda HAL, programu inayokaa nyuma, ikijua kila kifaa kilichochomekwa na kuziarifu zingine. Poa. Lakini HAL ilibebeshwa kila kitu, diski, betri, kamera, hadi kuitunza kukawa balaa. Kufikia 2010 Ubuntu na Fedora zilikuwa zinaing'oa, kazi zake zikigawiwa udev, UDisks na UPower. Waliozoea kuongea na HAL moja kwa moja walipata kazi ya ziada. Hata X.Org, inayosimamia kibodi na mausi, ilibidi ifunzwe kuuliza udev.

Watu wa KDE walikuwa wamejipanga mapema. KDE 4, iliyotoka Januari 2008, ilikuja na Solid, maktaba ya pamoja iliyoongozwa na Kevin Ottens. Dolphin, programu yao ya kufungulia faili, ilikuwa ikiuliza Solid tu: kuna diski gani hapa? HAL ilipozikwa, walibadilisha matumbo ya Solid. Dolphin haikujua hata kama kuna msiba.