Abeti Masikini, binti wa Kisangani



Ku mkutano wetu wa mwisho hapa Mushaki, mabinti wanne walisimama mbele ya komite na kuomba kitu kimoja: sanduku la mutuali liwakopeshe franga za kununua bafle moja na mikro, wapate kuimba ku ndoa na ku sikukuu, na deni walilipe polepole. Mzee mmoja alikataa palepale. Alisema: «Mutoto mwanamke akisimama na mikro mbele ya watu, kesho utamukuta ku nganda.» Wengine wakapiga makofi. Ndipo mama mmoja wa nyuma akauliza: «Na Abeti, je?» Wazee wakanyamaza kidogo. Vijana wakaanza kuulizana: Abeti njo nani? Komite ikaniomba niandike ninachojua, na ombi la mabinti likangoja mkutano ujao. Basi ninaandika.

Abeti alizaliwa tarehe 9 Novemba 1954 mjini Stanleyville, ule tunaouita leo Kisangani. Jina lake la ubatizo lilikuwa Elisabeth, na jina la baba yake Finant. Huyo baba, Jean-Pierre Finant, hakuwa mtu mdogo. Alikuwa wa chama cha Lumumba, MNC, na mwaka 1960, nchi ilipopata uhuru, alikuwa mkubwa wa serikali ya Provensi ya Mashariki. Wazee wetu wanakumbuka namna mambo yalivyogeuka upesi. Lumumba aliuawa Katanga mwezi wa Januari 1961. Mwezi uliofuata Finant naye aliuawa Bakwanga, ambayo leo ni Mbuji-Mayi, pamoja na watu wengine wa upande wa Lumumba. Mtoto wake alikuwa na miaka sita.

Ninaliweka jambo hilo mbele kwa sababu wengi waliomjua Abeti walimjua kwa nguo zake za kung'aa na kwa wachezaji wake tu, wakadhani ni mtoto aliyelelewa ndani ya raha. Hapana. Ni mtoto wa mtu aliyeuawa, na jamaa yake ilihamia Kinshasa, mbali na mji wao. Sisi tuliolea watoto ku miji ya watu wengine tunajua maana yake: luga ya barabarani si ile ya nyumbani, na jina la baba linaweza kuwa hatari. Kisangani watu wanasema Kiswahili na Lingala. Kinshasa ni Lingala tupu. Abeti alizichukua zote mbili, akaongeza Kifaransa, na baadaye aliimba kwa zote tatu. Kati ya nyimbo zake za kwanza kuna moja inayoitwa Mutoto Wangu. Mtu wa Masisi hahitaji mtafsiri kwa jina kama hilo.

Mwaka 1971 aliingia ku mashindano ya vijana wenye vipaji, yaliyosimamiwa na mwimbaji Gérard Madiata kule Kinshasa. Hakushinda; alishika nafasi ya tatu. Lakini kulikuwa na mtu wa Togo, Gérard Akueson, mwimbaji na mtengenezaji wa sahani, na huyo akamtaka yule wa tatu. Alikuja kuwa mwenye kupanga kazi yake yote, na baadaye bwana yake na baba wa watoto wake.

Ni wakati ule ule Mobutu alipogeuza majina. Oktoba 1971 Kongo ikaitwa Zaïre, na mwaka 1972 kila mtu akaombwa kuacha jina la Kizungu. Elisabeth, ambaye watu walimwita Betty, akawa Abeti. Finant likaondoka, akachukua Masikini, jina la upande wa mama yake. Mimi nikilifikiri jina hilo ninacheka na kuhuzunika pamoja. Kwa Kiswahili chetu masikini ni mtu asiye na kitu, na mtoto huyo alilibeba likaandikwa kwa herufi kubwa mbele ya kumbi za Paris na New York. Hata hivyo, usisahau kwamba jina la baba, lile la mtu aliyeuawa kwa siasa, lilitoka ku midomo ya watu kwa namna hiyo. Sijui kama kwake ilikuwa hasara au kinga.

Sasa tuseme habari ya kazi yenyewe. Wakati ule muziki wa Kinshasa ulikuwa mali ya wanaume. Orkesta zilikuwa za Franco, za Tabu Ley Rochereau na wenzao. Wanawake walikuwamo, ndiyo. Lucie Eyenga aliimba na kupendwa tangu miaka ya 1950. Lakini mwanamke kuwa na orkesta inayomfuata yeye, yeye ndiye jina na wanaume wanapiga nyuma yake, lilikuwa jambo geni. Abeti alifanya hivyo. Orkesta yake iliitwa Les Redoutables, maana yake wale wa kuogopwa, na kaka yake Abumba Masikini alipiga gitaa ndani yake na kumtungia nyimbo. Muziki wenyewe haukuwa rumba tupu kama watu walivyozoea. Ulichanganya sauti za kwetu na blues na soul za Wamarekani weusi, na sauti yake ilikuwa nzito, inapanda kwa ghafula. Watu wa Kinshasa walizoea kucheza wawiliwawili, chupa ya bia ku meza. Huyu aliwataka wakae na kutazama, kama ku tamthilia: taa, nguo zinazobadilishwa, wachezaji wanawake walioitwa Tigresses, kila hatua imepangwa. Yeye mwenyewe walimpa jina la Tigresse mwenye makucha ya dhahabu.

Kinshasa haikumpokea. Alipoimba ku sinema Palladium mwaka 1972, viti vingi vilibaki bure. Fikiri kidogo: msichana wa miaka 17, ametoka kupita nchi za Afrika ya Magharibi na Akueson, kule wanampigia makofi, anarudi nyumbani, na nyumbani hawaji. Angeweza kuacha. Badala yake walichukua njia ndefu zaidi. Tarehe 19 Februari 1973 Abeti alipanda jukwaa la Olympia kule Paris, ukumbi wa Bruno Coquatrix, mahali ambapo waimbaji wakubwa wa Ufaransa kama Edith Piaf walipata sifa yao. Rochereau alikuwa amekwisha kufungua mlango huo mwaka 1970, lakini yeye alikwenda akiwa bwana mkubwa mwenye jina tayari. Abeti alikuwa na miaka 18, na kwao walikuwa hawajamwamini. Mwaka ule ule sahani yake kubwa ya kwanza ilitoka, na fundi wa mavazi Pierre Cardin ndiye aliyetoa jina lake kumtambulisha. Mwaka 1974 akaimba Carnegie Hall, New York.

Na Kinshasa? Kinshasa ikageuza shingo. Septemba 1974, wakati Muhammad Ali na George Foreman walipongojwa kupigana, kulifanyika siku tatu za muziki ku uwanja wa 20 Mai. James Brown alikuwako, B.B. King, Celia Cruz, Miriam Makeba. Na kati ya Wazaïre waliochaguliwa kusimama siku zile alikuwa Abeti. Kati ya viti bure vya Palladium na uwanja ule ni miaka miwili tu. Sauti ilikuwa ile ile, nyimbo nyingi zilikuwa zile zile. Kilichobadilika ni kwamba watu wa mbali walikuwa wamekwisha kusema ndiyo. Ninasema wazi kwamba jambo hilo linaniumiza, maana sisi pia tuna ugonjwa huo. Mtu akirudi kutoka mbali na cheti, tunamwita muheshimiwa. Mtoto wa jirani aliyejifunza hapa hapa, hata akimshinda, tunamwambia angoje.

Wazee waliosema mwanamke ku jukwaa anapotea, nawaomba watazame nani alipita mikononi mwa Abeti. Mbilia Bel, ambaye hata sisi wa milimani tulimsikia ku radio akiimba na Tabu Ley tangu mwaka 1981, alianza kwa Abeti akiwa bado msichana, akicheza na kuitikia nyuma. Abby Surya alipita pale pia. Na Lokua Kanza, yule wa gitaa la upole anayejulikana dunia nzima, alipiga ku orkesta ya Abeti kabla ya kuelekea Abidjan na Paris. Huyo Lokua ni mtoto wa Kivu, alizaliwa Bukavu mwaka 1958. Kwa hiyo ile orkesta ilikuwa pia kama atelye ya mushonaji: unaingia hujui kushika mkasi, unatoka na kazi yako. Mwenye atelye alikuwa mwanamke, na waliokula kwa mkono wake walikuwa wanaume pia.

Kulikuwa na mwingine wa wakati wake, M'Pongo Love, aliyeugua polio akiwa mtoto na bado akapanda jukwaa na kuimba kwa sauti laini sana. Watu walipenda kuwapiganisha hao wawili, nani mkubwa, nani mdogo, kama vile nchi yote ina nafasi ya mwanamke moja. Wanaume waimbaji walikuwa kwa makumi na hakuna aliyesema wamezidi. M'Pongo alikufa Januari 1990.

Sitaki kuficha upande mugumu. Baada ya 1974 bei ya shaba ilianguka, Zaïre ikaanza kukauka, na wanamuziki wakatawanyika: Lomé, Abidjan, Paris. Abeti na Akueson nao walikwenda. Mtu anayeimba mbali na watu wake anatafuta mkate mara mbili, kwa sababu lazima apendeze wenyeji na asisahauliwe na wa kwao. Kuna miaka ambayo Kinshasa ilimsahau kidogo, wengine wakija na sauti mpya, na Mbilia Bel huyo huyo akiwa mbele. Halafu mwaka 1986 ukatoka wimbo Je suis fâché. Hapo Abeti alikubali kucheza soukous ya Paris, gitaa la mbio na ngoma ya kuruka, na wimbo ukaenea Afrika hata Antilles. Wapo wanaosema alishuka, kwamba Abeti wa kweli ni yule wa 1973. Mimi ninaupenda ule wa zamani zaidi, lakini siwezi kumlaumu mama mwenye watoto na orkesta ya kulipa kwa kupiga kile watu wanachonunua. Mwaka 1988 aliimba Zénith ya Paris, na mwaka 1989 alifika hadi China. Mtoto wa Kisangani, aliyeanza na viti bure, anawaimbia Wachina!

Alikufa tarehe 28 Septemba 1994 ku hospitali ya Villejuif, karibu na Paris, kwa kansa. Alikuwa na miaka 39.

Wamemba, ninyi mnajua Septemba 1994 ilikuwa nini kwetu. Vita vya Masisi, vilivyoanzia Ntoto upande wa Walikale mwezi wa Machi 1993, vilikuwa vimetutawanya tayari. Mwezi wa Julai 1994 watu wa Rwanda waliingia Goma kwa mamia ya maelfu, kolera ikaua kando ya barabara, na Mugunga ikawa mji wa shitingi. Nani angesikia kwamba mwimbaji fulani amekufa Ulaya? Mimi nilipata habari hiyo baadaye kabisa, kwa mtu aliyekuwa akiuza kaseti, aliyeniambia kama jambo ninalolijua. Nilimkatalia. Nilifikiri ananidanganya ili ninunue.

Mwili wake ulirudishwa Kinshasa, akazikwa ku makaburi ya Gombe. Mji ule uliomwachia viti bure ulimpokea na vilio.

Jambo la mwisho linahusu mabinti wetu. Nilikwenda kuwasikia jioni moja nyuma ya kanisa, wakiimba bila mikro, na ng'ombe wakipita. Mmoja ana sauti ya chini ambayo sikuitegemea kwa mtoto wa miaka 16. Wanasema wataimba ku ndoa tatu za mwezi wa nane, na kila mara nusu ya malipo itaingia ku sanduku hadi deni liishe. Katibu ana karatasi yao, imeandikwa vizuri, na mama wa mmoja wao ameweka sahihi. Mzee aliyekataa ameniahidi kuja kuwasikia kabla ya kura. Ku mkutano ujao, yeyote mwenye kaseti ya zamani ya Abeti ailete. Mimi nitaleta redio na mawe mapya.