Moto wa Nyumbani: Maisha ya Jamaa za Uskoti Hapo Zamani

Wasikilizaji wetu, wahenga walisema, "Nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani." Neno hili latufaa sana tunapotaka kujua habari za watu wa nchi za mbali. Wengi wetu katika Afrika ya Mashariki twalijua jina la David Livingstone, yule Mskoti aliyekutana na Stanley pale Ujiji mwaka 1871. Lakini ni wachache waliopata kuuliza alizaliwa katika nyumba ya namna gani. Leo twapenda kuufungua mlango wa nyumba ile, na milango mingine ya Uskoti, tuone jamaa zao waliishije.

Babu yake Livingstone alikuwa mkulima katika kisiwa kidogo kiitwacho Ulva, upande wa magharibi wa Uskoti. Huko visiwani na milimani watu walijijengea nyumba za mawe yasiyoungwa kwa chokaa. Kuta zilikuwa mbili mbili, na katikati yake wakashindilia udongo ili kuzuia upepo. Paa liliezekwa kwa majani na kufungwa kwa kamba zenye mawe. Ng'ombe walilala upande mmoja wa nyumba, na watu upande wa pili, chini ya paa lile lile, na joto la wanyama likawasaidia watu wakati wa baridi.

Katikati ya sakafu palikuwa na meko, wala hapakuwa na dohani. Kuni zilikuwa chache, basi walichimba udongo mweusi wa mabwawani, wakaukausha kwa jua na upepo, wakauwasha. Moshi ulipanda ukapenya katika majani ya paa. Majani yale yalipojaa masizi yalishushwa yakatiwa shambani kuwa mbolea, na kwa hiyo hata moshi ulikuwa na kazi yake. Moto haukuachwa kuzimika. Kila usiku mama wa nyumba aliyafunika makaa kwa majivu, tena mara nyingi kwa maneno ya sala, na asubuhi akayafukua. Katika kijiji cha Arnol, kisiwani Lewis, nyumba moja ya namna hii ilikaliwa na watu hata mwaka 1966.

Kazi za nyumbani ziligawanywa. Wakati wa kiangazi wanawake na vijana walipeleka ng'ombe malishoni milimani, wakalala katika vibanda vidogo, wakatengeneza siagi na jibini. Wakati wa baridi wanawake walisokota sufu. Nguo ilipokwisha kufumwa, walikaa kuizunguka meza, wakaipigapiga pamoja ili ikazane, huku wakiimba kwa zamu.

Katika kuwaita watoto majina, jamaa nyingi zilifuata utaratibu maalum. Mtoto wa kwanza wa kiume aliitwa kwa jina la babu mzaa baba, na wa pili kwa jina la babu mzaa mama. Binti wa kwanza alichukua jina la bibi mzaa mama. Mke naye hakulipoteza kabisa jina la kwao, maana katika hati za sheria na juu ya mawe ya makaburi jina lile liliendelea kuandikwa.

Sheria ya ndoa ilikuwa ya ajabu kwa majirani zao Waingereza. Kwa Waskoti, mwanamume na mwanamke waliokuwa huru kuoana waliweza kuwa mume na mke kwa kutamka tu mbele ya mashahidi kwamba wanaoana. Kasisi hakuwa lazima, ingawa Kanisa liliwakemea waliofanya hivyo. Uingereza ilipoikaza sheria yake mwaka 1754, wapenzi waliokatazwa na wazazi walitoroka kuvuka mpaka, wakaoana katika kijiji cha Gretna Green. Ndoa za kutamka mbele ya mashahidi zilikomeshwa kwa sheria iliyoanza kutumika Julai 1940.

Lakini nyumba ikiwa na upendo na isiwe na haki ya ardhi, msingi wake ni mchanga. Wakulima wale wa milimani hawakuwa na hati ya mashamba yao. Wenye ardhi walipoona kwamba kondoo wana faida kuliko kodi ya wakulima, waliwaondoa watu. Katika jimbo la Sutherland maelfu walihamishwa kati ya mwaka 1807 na 1821. Katika bonde la Strathnaver, mwaka 1814, nyumba zilichomwa moto ili wenyewe wasirudi. Msimamizi wa kazi ile, Patrick Sellar, alishtakiwa mwaka 1816, akaachiliwa. Mnyonge hana haki, twasema sisi. Hata mwaka 1886 ndipo Bunge lilipotoa sheria ya kuwalinda wakulima wadogo wa huko, wasifukuzwe katika mashamba yao maadamu wanalipa kodi na kutimiza masharti.

Waliotoka vijijini walikwenda wapi? Wengine walivuka bahari mpaka Kanada na nchi nyingine. Wengine walishuka mijini na viwandani. Babu yake Livingstone naye aliacha Ulva, akahamia Blantyre, karibu na Glasgow, penye kiwanda cha pamba. Huko ndiko alikozaliwa David mwaka 1813, katika jengo lililokaliwa na jamaa 24. Wazazi wake na watoto wao walikuwa na chumba kimoja tu. Humo walipika na kula, na humo walilala. Alipokuwa na umri wa miaka kumi aliingia kiwandani, akafanya kazi tangu saa kumi na mbili asubuhi hata saa mbili usiku, kisha akaenda kusoma katika shule ya usiku.

Msidhani kwamba jamaa ile ilikuwa peke yake. Watu walipohesabiwa mwaka 1861, ilionekana kwamba karibu theluthi moja ya nyumba za Uskoti zilikuwa za chumba kimoja. Mishahara ilikuwa midogo na kodi kubwa, na chumba kimoja chataka moto mmoja. Katika majengo ya ghorofa ya Glasgow vitanda vilijengwa ndani ya ukuta, na jamaa nyingi zilitumia ngazi moja na choo kimoja.

Mwaka 1915, wakati wa vita, watu wengi walimiminika Glasgow kufanya kazi ya meli na silaha. Wenye nyumba wakapandisha kodi, hali wanaume wengi wako vitani. Ndipo wanawake, wakiongozwa na Mary Barbour wa mtaa wa Govan, walipokataa kulipa nyongeza. Mmoja wao alikaa zamu na kengele mlangoni. Watumishi wa mahakama walipokuja kuwatoa watu, kengele ililia, na wanawake wakatoka jikoni na unga mikononi, wakawarushia. Kufikia Novemba jamaa wapatao 20,000 walikuwa wamegoma. Mwezi wa Desemba Bunge lilitoa sheria ya kuzuia kodi isizidi ile ya kabla ya vita. Mama Barbour alichaguliwa kuingia baraza la mji mwaka 1920. Sheria ya mwaka 1919 ilikuwa imekwisha kuwapa wenye mabaraza fedha za serikali za kujengea watu nyumba.

Wasikilizaji wetu, habari hizi hazikuandikwa zote na wakubwa. Nyingi zilihifadhiwa na wazee waliokumbuka nyumba zao na kuwasimulia wajukuu. Basi ulizeni nanyi kwenu: nyumba ya babu ilijengwaje, nani alilinda moto, na kwa sababu gani jamaa ilihama? Mkipata majibu, yaandikeni, maana mzee akiondoka huondoka na habari zake.