Mfagizi Asiyelishwa

Muulize muuza samaki wa mapambo yeyote hapa Nairobi: huyu konokono anakula nini? Atakujibu bila kufikiri, "Huyu hana shida, anakula uchafu." Kisha atakutilia wawili kwenye mkebe, upokee chenji yako, uende zako. Nimelisikia jibu hilo mara nyingi hata nikataka kujua limetoka wapi. Kwa sababu, ndugu msomaji, hilo si jibu la jana. Lina umri, lina mji lilikozaliwa, na hata mwaka wake unajulikana: 1849, London.

Lakini tuanze miaka mitatu nyuma ya hapo, kwa mtu ambaye jina lake halikuandikwa. Mwaka 1846 mama mmoja wa Kiingereza, Anna Thynne, alisafirisha matumbawe hai kutoka pwani ya Torquay hadi nyumbani kwake London. Alitaka kuyatazama yakiishi. Tatizo lilikuwa maji. Maji yaliyosimama huishiwa hewa, na kiumbe kilichomo hufa. Bi Thynne akapata dawa: maji yamiminwe kutoka chombo hiki hadi kile, mbele ya dirisha lililo wazi, nusu saa na zaidi, kila siku. Nani alimimina? Msichana wa kazi. Yeye ndiye aliyekuwa pampu ya tangi hilo. Vitabu vinamtaja kwa kazi yake tu. Jina hakuna. Mimi nikisoma habari hiyo namwona msichana huyo waziwazi kuliko ninavyoyaona matumbawe, labda kwa sababu estate zetu zimejaa wenzake.

Sasa ingia mwanakemia Robert Warington. Huyu alifanya kazi katika jumba la wauza dawa la London, na ni miongoni mwa waanzilishi wa Chama cha Kemia cha mwaka 1841. Ilishajulikana wakati huo kwamba mimea hutoa hewa ambayo wanyama huivuta. Warington akataka kuona kama samaki na mmea wanaweza kutunzana wenyewe ndani ya chombo kimoja, pasiwepo mtu wa kubadilisha wala kumimina maji. Mwaka 1849 alichukua chombo cha kioo cha galoni 12, yaani karibu lita 54, akakitia maji ya chemchemi hadi nusu, akaweka mchanga, tope na mawe, samaki wawili wadogo wa dhahabu, na mmea wa majini uitwao Vallisneria.

Mwanzo mambo yalikwenda sawa. Halafu majani makuukuu ya mmea yakaanza kuoza. Maji yakachafuka, kioo kikaota utando wa kijani, na ikaonekana wazi kwamba samaki hawatadumu. Mmea ulitoa hewa, sawa, lakini uozo wake nani aufagie?

Warington akaenda kwenye maumbile kutafuta jibu. Kwenye mabwawa majani huoza kila siku na samaki hawafi. Akachukua konokono watano au sita wa bwawani, aina ya Lymnaea stagnalis, akawatumbukiza. Muda si mrefu maji yakatakata. Konokono walikula majani yaliyooza, wakakwangua utando wa kijani, na juu ya hayo wakataga mayai ambayo samaki waliyafanya chakula. Machi 1850 Warington aliwasomea wenzake wa Chama cha Kemia taarifa ya jaribio lake. Kwa maneno yetu ya mtaani: mmea na samaki peke yao walishindwa kukaa pamoja, mpaka alipokuja wa tatu, na huyo wa tatu alikuwa konokono.

Mimi nasema hiyo ndiyo siku tangi la samaki la nyumbani lilipowezekana. Sifa, hata hivyo, zilikwenda kwingine. Ushuru wa kioo Uingereza ulikuwa umefutwa mwaka 1845, kioo kikashuka bei. Mwaka 1853 bustani ya wanyama ya London ikafungua Nyumba ya Samaki, watu wakafurika. Mwaka 1854 Philip Henry Gosse akatoa kitabu chake The Aquarium, na kila sebule ya mwenye uwezo ikataka tangi lake. Samaki wakapambwa. Konokono akabaki mfagizi, na neno likaanza kusafiri kutoka kitabu hadi kitabu na kutoka duka hadi duka, mpaka likafika kwa muuzaji wetu wa hapa: huyu hula uchafu.

Angalia lakini hicho kilichoitwa uchafu kilikuwa nini. Chombo cha Warington kilikuwa na tope, na mmea halisi uliokuwa ukidondosha majani, na mwanga wa dirishani uliootesha utando mpya kila kukicha. Ilikuwa karamu! Konokono ana ulimi wenye safu nyingi za meno madogo sana, mfano wa tupa ya fundi. Huupitisha juu ya kioo, akakwangua, akameza, akasogea. Mtazame kwa upande wa nje wa kioo utauona mdomo ukifunguka na kufumba. Ulimi huo mwaka 1849 ulikuwa na kazi usiku na mchana.

Sasa njoo kwenye tangi la leo. Pampu ya umeme inachuja maji. Mimea ni ya plastiki. Mwenye tangi anasugua kioo kila Jumamosi kwa sababu wageni wanakuja. Uchafu uko wapi hapo? Konokono anazunguka na tupa yake juu ya kioo kisicho na kitu. Hafi upesi, na hapo ndipo ubaya ulipo, maana mwenye nyumba haoni dalili. Anapunguza mwendo, anajifungia ndani ya gamba siku nzima, halafu asubuhi moja tangi linanuka. "Konokono hawadumu," wanasema. Hawadumu vipi? Wamekufa njaa ndani ya nyumba iliyofagiwa vizuri!

Kwa hiyo mlishe. Wala si gharama. Jani la sukumawiki au mchicha lichovye kwenye maji yanayochemka kidogo tu lilainike, lipoe, lifunge na kijiwe lizame. Kipande cha tango kinafaa, maharagwe mabichi yaliyochemshwa vilevile. Weka jioni, maana wengi wao ni watu wa usiku, na kinachobaki kitoe kesho yake kabla hakijaoza. Katika maabara zinazofuga konokono kwa utafiti, majani ya saladi ni chakula cha kawaida kabisa. Huko hakuna anayewaambia wale uchafu.

Liko na suala la gamba. Gamba ni chokaa, na chokaa haitoki hewani. Maji ya London hupita kwenye miamba ya chokaa, kwa hiyo konokono wa mji ule hupata mfupa wa nyumba yao bure. Maji yetu ya Nairobi hutoka mabwawa ya milimani kama Ndakaini na Sasumua, nayo ni maji laini yasiyo na chokaa nyingi. Ndiyo maana sabuni inatoa povu vizuri hapa, na ndiyo maana gamba la konokono wa Nairobi huanza kupauka kwenye ncha, kisha likaliwa vishimo. Osha maganda ya mayai, yakaushe, yasage, nyunyiza chini. Ukipata mfupa wa ngisi, ule wanaowekewa ndege vizimbani, utumbukize kipande.

Na soma karatasi ya kila dawa ya samaki unayonunua. Nyingi zina shaba ndani yake, na shaba ni sumu kwa konokono hata ikiwa kidogo. Hili nalo lina historia. Mwaka 1915 daktari Mwingereza Robert Leiper alithibitisha huko Misri kwamba vijidudu vya kichocho hukua ndani ya konokono wa maji baridi kabla ya kumwingia binadamu. Baada ya hapo mifereji ya Misri na Sudan ikamwagwa mrututu, ambao ni chumvi ya shaba, ili kuwaua. Sina ugomvi na hilo. Kichocho kimetesa watoto wengi mno. Lakini ajabu iliyoje, kwamba sumu ileile ya vitani imo ndani ya kichupa cha dawa chenye picha ya samaki anayecheka.

Hapo tumefika mahali historia inapogeuka, kwa sababu konokono hakukaa ndani ya kioo.

Mchukue Melanoides tuberculata, yule mdogo mwenye gamba refu lililochongoka kama pembe. Ni mwenyeji wa Afrika na Asia. Ziwa Victoria anako. Biashara ya mimea ya matangi ilimchukua akiwa amejificha kwenye mizizi, ikamsambaza Marekani na visiwa vya Karibi. Jike mmoja anatosha, kwani huzaa bila dume, tena huzaa watoto walio hai. Mchana hujizika mchangani, usiku anatoka. Madukani ng'ambo wamempa jina la tarumbeta wa Malaysia. Mtoto wa Ziwa Victoria kuitwa Mmalaysia! Huyo angalau hajamnyima mtu chakula.

Pomacea ni habari nyingine. Ndiye konokono mkubwa wa duara, asili yake Amerika, ambaye watu wa matangi wanampenda kwa rangi yake ya manjano na mrija anaounyoosha juu ya maji kuvuta hewa. Ana ndugu wengi. Yule wa manjano wa madukani, Pomacea diffusa, ni mpole, hula vilivyolainika na vilivyooza. Ndugu yake, Pomacea canaliculata, anakula mmea ukiwa hai. Karibu mwaka 1980 huyo wa pili alipelekwa Taiwan kutoka Argentina ili afugwe kama kitoweo. Walaji hawakumpenda. Akaachwa, akaingia mashamba ya mpunga, na kutoka hapo na nchi jirani akawa balaa la wakulima wa Asia. Mwaka 2009 konokono wa ukoo huohuo walionekana katika mashamba ya mpunga ya delta ya mto Ebro, Uhispania. Mwaka 2012 Umoja wa Ulaya ukapiga marufuku kuingiza na kusambaza ukoo mzima wa Pomacea, mpole na mkali pamoja.

Na mwaka 2020 Pomacea canaliculata alitambuliwa Mwea. Ndiyo, Mwea ya Kirinyaga, kunakotoka pishori. Jike hutaga mayai ya rangi ya waridi juu ya shina, nje ya maji, mamia kwa mpigo, na anayeumia kwanza ni mche mchanga uliotoka tu kupandikizwa. Mkulima anajikuta akiinama shambani kuokota konokono na kukwangua mayai kwa mkono.

Basi wakikuzidia nyumbani, na ukiwalisha vizuri watakuzidia, usiwamwage mtoni wala kwenye mtaro wa mvua. Mtaro huo una mwisho wake, na mwisho huo una shamba la mtu. Mpe jirani mwenye tangi. Akikataa, watie kwenye barafu ya friji usiku kucha, uwasage, uwape kuku. Mayai ukiyaona juu ya maji, yabandue yakiwa bado mabichi. Hata maji ya kusafishia tangi yamwage kwenye chungu cha maua, kwa sababu ndani yake mna watoto wasioonekana, na mmoja anatosha.