Chitrakoot: mlima uliopokea familia iliyofukuzwa kwao

Kwa miaka mingi wakaaji wa Goma na sehemu nyingine za Kivu wamewaona askari wa India wakipita na kofia za buluu za Umoja wa Mataifa. Wengi wao ni watu wa dini ya Kihindu, na toka utoto wamesikia hadithi ya Rama. Ni hadithi ya familia iliyotolewa nyumbani bila kosa, ikapata kimbilio kwenye mlima wa msitu.

Mlima huo unaitwa Kamadgiri. Uko Chitrakoot, mahali ambapo majimbo mawili ya India, Uttar Pradesh na Madhya Pradesh, yanapakana. Karibu nao unapita mto Mandakini, ambamo wasafiri wa dini huoga kwanza kabla ya kwenda mlimani.

Ramayana, kitabu cha kale ambacho Wahindu husema kilitungwa na Valmiki, kinaeleza kilichotokea. Mfalme Dasharatha wa Ayodhya alikuwa amezeeka, akataka kumwachia kiti mwana wake wa kwanza, Rama. Lakini Kaikeyi, mmoja wa wake zake, alimkumbusha ahadi ya zamani. Akadai mambo mawili: mwana wake Bharata atawale, na Rama aende kuishi porini miaka 14. Rama hakupigana. Aliondoka na mke wake Sita na mdogo wake Lakshmana, wakavuka mto Ganga, wakafika Chitrakoot. Huko wakajenga kibanda cha miti na majani.

Siku moja Lakshmana aliona jeshi linakuja, akafikiri Bharata amekuja kuwamaliza. Kumbe Bharata alikuja akilia. Baba yao alikuwa amekufa kwa huzuni, naye alikuwa anamwomba kaka yake arudi kutawala. Rama alikataa, sababu neno la baba lilipaswa kutimizwa. Basi Bharata akachukua viatu vya Rama, akaviweka kwenye kiti cha ufalme, na yeye akatunza tu nchi mpaka mwenyewe arudi. Leo, kwenye njia inayozunguka Kamadgiri, kuna hekalu mahali wanaposema ndugu hao walikutana. Wageni huonyeshwa alama za nyayo katika jiwe.

Njia hiyo ina urefu wa kilomita 5 hivi. Watu huizunguka bila viatu. Wengine hulala chini kifudifudi, husimama pale mikono ilipofika, kisha hulala tena, mpaka wamalize mzunguko mzima. Lakini juu ya mlima hawapandi, kwa kuwa mlima wenyewe ndio unaoheshimiwa kama mungu. Chini kuna maduka, mahekalu na nyumba. Juu miti na nyani wamebaki. Desturi hiyo imelinda msitu.

Siku ambayo mwezi hauonekani angani, watu huwa wengi sana. Tarehe 25 mwezi wa nane 2014, msongamano kwenye njia hiyo uliua watu 10.

Rama hakuwa wa mwisho kutajwa kama mkimbizi wa Chitrakoot. Inasimuliwa kwamba Abdul Rahim, Mwislamu, mshairi na mkubwa wa jeshi la mfalme Akbar, alikuja kukaa huko baada ya kupoteza cheo chake chini ya Jahangir. Mwaka 1691, Aurangzeb, mfalme mwingine Mwislamu, alitoa mashamba yasiyolipa kodi ili yasaidie hekalu la Kihindu la hapo. Misitu ya jirani ilificha pia majambazi. Aliyejulikana zaidi, Dadua, alitisha vijiji kwa miaka mingi mpaka polisi walipomuua mwaka 2007.

Kuna watu wengine katika historia hii ambao hutajwa kidogo. Tulsidas, mshairi aliyeanza mwaka 1574 kuandika upya habari za Rama kwa lugha ya raia wa kawaida, anawataja wenyeji wa msitu, Wakol na Wabhil. Waliposikia wageni wamefika, waliwaletea matunda na mizizi ya kula katika vyombo vya majani. Hawakuuliza kwanza hawa ni watu wa kabila gani.

Wakol wangali wanaishi karibu na Chitrakoot. Wengi ni maskini, hawana shamba la kutosha, na wanategemea kibarua au kuni za kuuza. Mpaka wa majimbo umewagawa: upande wa Madhya Pradesh serikali inawatambua kama kabila la asili, lakini upande wa Uttar Pradesh wamewekwa katika orodha ya matabaka yaliyodharauliwa zamani. Kwa hiyo ndugu wawili wa ukoo mmoja wanaweza kuwa na haki tofauti, hasa juu ya ardhi ya msitu.

Kila familia iliyowahi kukimbia vita inajua chakula cha kwanza kilitoka kwa nani. Mara nyingi kilitoka kwa mwenyeji aliyekuwa na kidogo. Mlima uliompokea Rama unazungukwa kwa heshima mpaka leo. Waliomletea matunda wangali wanangoja sehemu yao.